Wasifu si Sifa Tupu: Mafunzo Kutoka kwa Frederick Brown

Nimepewa ukurasa huu niandike somo la insha, nami nimeamua kuzungumzia wasifu. Wengi wetu wa kidato cha tatu huuona wasifu kuwa mteremko tu. Unataja mtu alizaliwa lini, akasoma wapi, akafanya kazi gani, kisha unammiminia sifa mpaka karatasi ijae. Mimi nilikuwa hodari wa jambo hilo, na ndilo lililoniponza.

Muhula wa kwanza tuliambiwa tuandike wasifu wa mtu wa ukoo wetu. Nikamchagua marehemu babu, aliyekuwa na mashine ya kusaga mahindi pale sokoni. Nikaandika kwamba alikuwa mcha Mungu, mkarimu, mpole, mwenye bidii ya mchwa na kipenzi cha wote. Kurasa mbili na nusu! Nikangoja alama 18 hivi. Lo! Karatasi iliporudi ilikuwa na 9 kwa 20, na maneno ya wino mwekundu: "Huyu ni babu yako au ni malaika?" Jirani yangu akayasoma kwa sauti, darasa zima likaangua kicheko. Nilitamani ardhi ipasuke inimeze.

Nilipomfuata mwalimu kulalamika hakunikemea. Alifungua kabati lake akatoa kitabu kinene kama tofali, cha kurasa zaidi ya 800. "Soma hata sura chache," akasema, "halafu uje tuzungumze." Kitabu kilikuwa kwa Kiingereza na kiliitwa Zola: A Life. Mwandishi ni Frederick Brown.

BROWN NI NANI?

Brown ni Mmarekani aliyefundisha Kifaransa katika Chuo Kikuu cha Jimbo la New York huko Stony Brook. Vitabu vyake vinahusu Ufaransa, waandishi wake na utamaduni wake. Mwaka 1968 alitoa wasifu wa Jean Cocteau, aliyekuwa mshairi na mtu wa maigizo na filamu. Mwaka 1995 akatoa huo wa Émile Zola, na mwaka 2006 akatoa wa Gustave Flaubert. Baadaye aliandika vitabu viwili juu ya taifa zima. For the Soul of France cha 2010 kinaeleza jinsi Wafaransa walivyogombana wao kwa wao baada ya kushindwa vitani na Wajerumani mwaka 1871. The Embrace of Unreason cha 2014 kinaendelea kuanzia 1914 hadi 1940.

Utauliza, Mmarekani na mambo ya Ufaransa wapi na wapi? Mimi pia niliuliza. Mwalimu akanijibu kwa methali tunayoijua sote: mgeni njoo, mwenyeji apone. Mgeni huona ufa ambao mwenye nyumba ameuzoea.

Basi nilisoma, kamusi ubavuni, usiku baada ya usiku. Haya ndiyo mafunzo manne niliyoyapata.

FUNZO LA KWANZA: ELEZA MTU ALIKOTOKA

Zola alizaliwa Paris mwaka 1840. Baba yake alikuwa mhandisi kutoka Italia, akihusika na ujenzi wa bwawa la maji karibu na mji wa Aix, kusini mwa Ufaransa. Mwaka 1847 baba akafariki, na mama akaachwa na mtoto na madeni. Shuleni Aix, rafiki mkubwa wa Zola alikuwa Paul Cézanne, ambaye baadaye alikuja kuwa mchoraji maarufu. Mwaka 1859 Zola alifanya mtihani wa kumaliza shule ya sekondari akaanguka. Akaurudia mwaka uo huo, akaanguka tena! Mwaka 1862 akapata kazi ya kufunga vitabu katika kampuni ya uchapishaji ya Hachette.

Sasa hebu fikiri. Kama tungeambiwa tu kwamba Zola alikuwa mwandishi mashuhuri, tungejifunza nini? Ukijua kwamba alianguka mtihani mara mbili, wewe unayeogopa KCSE unapata pumzi.

FUNZO LA PILI: ONYESHA JASHO

Kuandika "alikuwa na bidii" ni rahisi. Wasifu mzuri huonyesha bidii yenyewe. Kati ya 1871 na 1893 Zola aliandika riwaya 20 juu ya ukoo mmoja. Alipotaka kuandika Germinal, riwaya ya wachimba makaa ya mawe, hakukaa mezani akabuni tu. Mwaka 1884 alisafiri hadi Anzin, kaskazini mwa nchi, wakati wachimbaji walipokuwa wamegoma. Akateremka shimoni, akatazama vyumba vyao, akajaza maelezo daftarini. Riwaya ilitoka mwaka 1885.

Flaubert naye alitumia karibu miaka mitano kuandika Madame Bovary, riwaya moja tu. Alikuwa akizisoma sentensi zake kwa sauti kubwa ili asikie kama zinakwaruza sikio. Sisi insha tunaiandika kwa dakika 40 na hata hatuirudii kuisoma!

FUNZO LA TATU: USIFICHE DOA

Hapa ndipo nilipokwama. Zola alikuwa na mke, Alexandrine. Pamoja na hayo alizaa watoto wawili na Jeanne Rozerot, msichana aliyekuwa akifanya kazi nyumbani kwao, na mkewe aliumia sana alipogundua. Brown hakuyafagia haya chini ya mkeka, wala hakumtukana Zola. Ameyaeleza tu, na msomaji anabaki na kazi ya kupima.

Nilimwambia mwalimu, "Lakini si hii ni kumwaibisha marehemu?" Akanijibu, "Ngoja ufike mwaka 1898."

FUNZO LA NNE: MTU NA ENZI YAKE

Nikafika. Desemba 1894 mahakama ya kijeshi ilikuwa imemhukumu Kapteni Alfred Dreyfus, Myahudi, kwamba aliwauzia Wajerumani siri. Akapelekwa kufungwa kwenye Kisiwa cha Shetani, karibu na pwani ya Amerika ya Kusini. Mwaka 1896 ofisa mmoja, Picquart, aligundua kwamba mwandiko uliomfunga Dreyfus ulikuwa wa Meja Esterhazy. Wakubwa wa jeshi hawakutaka kukiri kosa. Tarehe 11 Januari 1898 Esterhazy akaachiliwa huru.

Siku mbili tu baadaye, gazeti la L'Aurore likatoa barua ya Zola kwa Rais wa Ufaransa. Kichwa chake kilikuwa "J'accuse", yaani "Ninashtaki". Ndani yake aliwataja majenerali kwa majina. Zola wakati huo alikuwa tajiri na mwenye jina. Angeweza kunyamaza ale raha zake. Badala yake alishtakiwa, akahukumiwa kifungo cha mwaka mmoja na faini ya faranga 3,000. Julai 1898 akakimbilia Uingereza, akarudi Juni 1899. Alifariki mwaka 1902 kwa sumu ya moshi wa moto uliowashwa chumbani mwake, kabla ya Dreyfus kusafishwa jina mwaka 1906.

Ndipo nilipoelewa. Yule aliyemwumiza mkewe nyumbani ndiye huyo huyo aliyemtetea mtu asiyemjua mbele ya nchi nzima. Angekuwa malaika, ujasiri wake usingetuhusu sisi binadamu.

SIFA NI NINI HASA?

Sasa turudi katika Kiswahili chetu. Katika somo la fasihi tukiulizwa "sifa za mhusika" tunajibu bila kusita: ni mlevi, ni mwongo, ana huruma, ni mkakamavu. Mazuri na mabaya yote tunayaita sifa. Lakini tukifika kwenye wasifu, ghafla sifa inakuwa ni kupongeza tu. Neno hili lina maana mbili, nasi tulikuwa tumeshika moja. Wasifu unataka ile ya darasa la fasihi.

Basi nikaenda kwa nyanya kumwuliza upya habari za babu. Nyanya akanyamaza, akaendelea kuchambua maharagwe. Aliyezungumza ni shangazi. Alifaulu mtihani wa shule ya msingi, lakini babu akasema karo ni ya wavulana. Miaka ikapita, babu akaugua. Wanawe wa kiume walikuwa mbali, na ni shangazi aliyemwuguza na kuendesha ile mashine. Jioni moja babu akampa mfuko wa fedha akamwambia, "Hesabu wewe. Mimi sikuona mbali." Hakusema zaidi ya hapo.

Baba hakutaka niyaandike. Alisema ya nyumbani hayatoki nje. Nikamwuliza mwenyewe shangazi, akanijibu, "Andika. Hata mimi ni wa ukoo huu."

Nikaandika upya. Niliacha ukarimu wa babu kwa sababu ni kweli aliwasagia wajane bure. Nikaongeza habari ya karo, na ya ule mfuko. Nilipata 15. Shangazi aliomba karatasi ile, akaisoma polepole, akaikunja na kuiweka ndani ya Biblia yake.

ZOEZI KWA WANACHAMA

1. Chagua mtu unayemheshimu. Taja jambo moja alilofanya vizuri na moja alilokosea, bila kumtukana.
2. Badala ya kuandika "alikuwa na bidii", andika sentensi tatu zinazoonyesha bidii hiyo.
3. Ni nani katika ukoo wenu ambaye hajawahi kuulizwa habari zake? Nenda ukamwulize wiki hii, na ubebe daftari.

Tukutane chamani Ijumaa. Kiswahili kitukuzwe!