Somo: Kutunza Mpira wa Ndani ya Kiatu

Ndugu, kama ukoma au ugonjwa wa sukari umetia ganzi nyayo zako, husikii maumivu. Msumari ukikuchoma, unaendelea kutembea, na kidonda kinaingia hata mfupani. Kwa sababu hiyo ulipewa mpira laini wa kulaza ndani ya kiatu. Kazi yake ni kutawanya uzito wa mwili, usikandamize mahali pamoja tu.

Uutunze hivi:

1. Kila jioni utoe katika kiatu. Uutazame pande zote mbili, kisha utazame ndani ya kiatu: kuna msumari, mwiba au kijiwe? Kama mikono yako nayo ina ganzi, usiitegemee; tumia macho, au umwombe mtoto wako akuangalizie.

2. Ukichafuka, uuoshe kwa maji na sabuni kidogo. Uukaushe kivulini, usiuweke karibu na moto, joto huuharibu.

3. Uulaze sawasawa, usiukunje. Uuweke mahali panya hawafiki.

4. Ukiona umebonyea na kuwa mwembamba, uulete hospitali. Usingoje kidonda.

Mwisho, tazama nyayo zako. Mpira mwingine utapewa. Mguu mwingine hutapewa.