Mlinzi wa Hadithi: Kinaya katika The Eyre Affair

Katika riwaya hii ya Jasper Fforde (2001), Thursday Next ni mpelelezi anayelinda kazi za fasihi. Acheron Hades anapomteka nyara Jane Eyre kutoka kwenye mswada wa Charlotte Brontë, Thursday anaingia riwayani kumfuata Hades. Katika ulimwengu wa Thursday, riwaya hiyo humalizika Jane akienda India bila kuolewa na Rochester. Thursday anasababisha waoane, kama tusomavyo sisi. Hapo pana kinaya: mlinzi ndiye anayebadilisha anachokilinda.

Mtahiniwa, usiandike tu “Thursday ni jasiri.” Taja sifa, toa tukio, kisha eleza umuhimu wake.

Swali: Thursday ameilinda hadithi au ameivuruga? Thibitisha.