Gemu za Zamani Kwenye Mashine Mpya: Maswali Yanayoulizwa Sana

Aliyenunua PS5, Xbox Series au Switch mara nyingi ana boksi la diski za zamani kabatini, au anakumbuka gemu alizozicheza utotoni na angependa kuzicheza tena na wanawe. Majibu anayopewa madukani ni ya kubahatisha. Kabla ya kuingia kwenye maswali yenyewe, shika jambo moja linaloamua karibu yote yanayofuata: gemu ya kupakua ni mali ya akaunti, si ya mashine. Mashine ikiungua kwa umeme, akaunti inabaki na gemu zako zote. Ukipoteza barua pepe na nywila, mashine nzima mezani haitakusaidia kitu.

Nina diski za PS2 na PS3. PS5 itazisoma?

Hapana. PS5 inacheza diski za PS5 na za PS4 tu. Za PlayStation ya kwanza, PS2 na PS3 hazifunguki, hata zikiwa halisi. Tatizo ni chipu. PS2 na PS3 zilijengwa kwa chipu za kipekee. Ya PS3, iitwayo Cell, ilibuniwa na Sony pamoja na IBM na Toshiba, na gemu zake ziliandikwa kuifuata hiyo hiyo. PS4 ilipotoka mwaka 2013, Sony ilihamia kwenye chipu za AMD zilizo karibu na za kompyuta za kawaida. Ndiyo maana gemu za PS4, ambazo ni zaidi ya 4,000, karibu zote zinacheza kwenye PS5.

Kama bado una PS3 nzima, usiiuze kwa bei ya kutupa. Kila PS3 inasoma diski za PlayStation ya kwanza, na baadhi ya zile za mwanzo kabisa zinasoma hata za PS2.

PS2 nyingi za huku kwetu zilichipiwa ili zisome diski za kunakili. Wengi tulikulia kwenye hizo bila kujua kuna nyingine, na hakuna wa kulaumiwa. Lakini diski hizo haziwezi kucheza kwenye mashine yoyote mpya, kwa hiyo usimpe pesa fundi anayekuahidi kuifanya PS5 izisome.

Angalia pia kama PS5 yako ina tundu la diski. Digital Edition ya mwaka 2020 haina na haliongezeki. Zile nyembamba za 2023 na PS5 Pro zinapokea kisomaji kinachouzwa peke yake, na siku ya kukifunga lazima mashine iwe na intaneti.

Na Xbox je?

Huku hali ni nzuri zaidi. Mwaka 2015 Microsoft iliiwezesha Xbox One kucheza gemu za Xbox 360, na mwaka 2017 ikaongeza za Xbox ya kwanza. Nyongeza ya mwisho, ya gemu zaidi ya 70, ilitoka Novemba 2021. Orodha ikasimama hapo: zaidi ya gemu 600 za Xbox 360 na kama 60 za Xbox ya kwanza. Series X na Series S zinazicheza, isipokuwa zile zinazolazimu kamera ya Kinect. Isiyo kwenye orodha haichezi, hata diski yake iwe inang'aa.

Wengi hushtuka wakitia diski ya Xbox 360 kwenye Series X na kuambiwa wasubiri. Mashine haiendeshi kilichomo kwenye diski. Inaitambua, kisha inapakua toleo lililoandaliwa kwa ajili yake, na diski inabaki kuwa ushahidi kwamba gemu ni yako. Lazima iwe ndani kila unapocheza. Gemu ya enzi hizo inaweza kufika GB 6 au 7, kwa hiyo pima bando lako kwanza. Ukishaingia ndani ya gemu na kuitafuta menyu ya zamani ya 360, bonyeza kwa pamoja vile vitufe viwili vidogo vya katikati ya pedi, View na Menu, nayo itajitokeza.

Series S haina tundu la diski kabisa, basi mwenye boksi la diski asishawishike na bei yake. Duka la Xbox 360 lilifungwa tarehe 29 Julai 2024, ila ulichokinunua humo bado unaweza kukipakua, na gemu nyingi zilizo kwenye ile orodha zinauzwa pia kwenye duka la mashine mpya.

Vipi Nintendo?

Kaseti za Switch ya 2017 zinacheza kwenye Switch 2 iliyotoka Juni 2025, isipokuwa chache. Za DS na 3DS haziingii. Za zamani zaidi hupatikana kwa usajili wa kulipia, Nintendo Switch Online: kwa bei ya chini unapata za NES, Super Nintendo na Game Boy, kwa bei ya juu zinaongezeka za Nintendo 64 na Mega Drive, na kwa mwenye Switch 2, za GameCube. Anayeishi mahali pa mtandao wa shida ajue kwamba gemu hizi zikishapakuliwa huchezeka bila intaneti kwa siku 7 tu, kisha mashine hutaka kuthibitisha usajili. Hotspot ya simu kwa dakika chache inatosha.

Kwa nini gemu niliyoipenda siioni dukani?

Mara nyingi kizuizi ni mikataba, wala si ufundi. Gemu moja hubeba haki za watu wengi: nyimbo, majina ya wachezaji, nembo za timu, magari. Mkataba mmoja ukiisha, gemu nzima hutolewa. Alan Wake iliondolewa Mei 2017 kwa sababu ya nyimbo zilizomo, ikarudi Oktoba 2018 baada ya haki hizo kupatikana tena. Septemba 2023, EA ilipoliacha jina la FIFA na kuanza EA Sports FC, matoleo ya FIFA ya miaka ya nyuma yalitolewa kwenye maduka ya mtandaoni. Aliyekwishanunua aliendelea kucheza. Anayeitaka leo hana budi kutafuta diski ya mtumba, na diski ya FIFA ya PS4 itacheza kwenye PS5 yake.

Wakati mwingine gemu ipo, imebadilishwa jina. Sega iliziondoa gemu za mwanzo za Sonic kwenye maduka mengi Mei 2022 na mwezi uliofuata ikaziuza kwa pamoja kama Sonic Origins. San Andreas ya mwaka 2004 inauzwa ndani ya mkusanyiko wa GTA uliotoka Novemba 2021, na sura yake imebadilika. Kwa hiyo ukikosa jina unalolijua, andika jina la kampuni iliyoitengeneza, upitie mikusanyiko yake. Kisha soma mwaka kabla ya kulipa: kuna Resident Evil 4 ya 2005 iliyosafishwa picha na ile iliyotengenezwa upya mwaka 2023, na ni gemu mbili tofauti kabisa.

Kuna ambazo hutazipata popote. Mwaka 2023 taasisi ya Video Game History Foundation ilitoa utafiti ulioonyesha kwamba asilimia 87 ya gemu zilizotoka Marekani kabla ya 2010 haziuzwi tena kwa njia rasmi. Hiyo ni kazi ya mikono na akili za watu wengi inayopotea huku wenyewe wakiwa hai, na ndiyo sababu nawasihi watu wasitupe diski zao.

Nitumie akaunti ya nchi gani?

Kenya na Tanzania hazimo kati ya nchi ambazo Sony imezifungulia duka la PlayStation, kwa hiyo wengi huku wana akaunti iliyoandikwa Afrika Kusini, Uingereza, Marekani au Emirates. Masharti ya Sony yanataka uandike nchi unayoishi kweli, na unapaswa kulijua hilo kabla ya kuweka pesa nyingi humo. Ukishaichagua, nchi ya akaunti ya PlayStation haibadiliki. Kadi ya malipo ya Uingereza haiingii kwenye akaunti ya Marekani.

Hata diski ina uraia wake. Gemu yenyewe itacheza popote, lakini nyongeza zinazonunuliwa mtandaoni lazima zitoke eneo moja na diski. Tazama kona ya chini ya jalada la mbele: tarakimu 12, 16 au 18 ndani ya kiboksi cha PEGI ni toleo la Ulaya, herufi E, T au M ni la Amerika Kaskazini. Aliyenunua diski ya PEGI na kulipia nyongeza kwa akaunti ya Marekani atakuwa amelipa bure.

Wenzetu waliohamia ughaibuni wana nafuu kwenye Nintendo, ambako nchi hubadilishwa ikiwa hakuna salio, na kwenye Xbox, ambako unaweza kuhama mara moja kila miezi mitatu.

Gemu zimejaa, hazionekani. Nizipangeje?

Anza na kuziona zote, kwa sababu ukurasa wa mwanzo huonyesha chache tu. Kwenye PS5 nenda mwisho wa mstari wa juu, ufungue Game Library, kisha Your Collection. Humo mna hata ulizozinunua enzi za PS4 ukazisahau. Kwenye Xbox fungua My games & apps, kisha Full library.

PS5 inakuruhusu kutengeneza orodha 15, kila moja gemu 100. Xbox ina Groups, ambazo unaweza kuziweka ukurasa wa mwanzo. Switch inazo pia, ndani ya All Software, ila kitufe hicho hakitokei mpaka uwe na gemu zaidi ya 12.

Watu hupenda kupanga kwa alfabeti au kwa aina. Mimi nashauri upange kwa namna gemu inavyoweza kukuponyoka. Orodha ya kwanza iwe ya usajili, yaani PlayStation Plus au Game Pass: hizo hufungwa siku usipolipa, na nyingine hutolewa kwenye huduma hata ukiwa unalipa, basi ndizo za kumalizwa mapema. Ya pili iwe ya diski, ili mtoto ajue picha hiyo haifunguki bila kutafuta boksi. Ya tatu ni ulizozinunua moja kwa moja. Familia yenye wachezaji wanne itaona faida yake wiki ya kwanza.

Nafasi ikijaa, nifute za zamani?

Usianze na hizo. Diski ya PlayStation ya kwanza haikuzidi MB 700, na kaseti kubwa kabisa ya Super Nintendo ilikuwa MB 6. Gemu moja ya kisasa inaweza kupita GB 100. Futa hiyo moja. Au nunua diski ya nje ya USB 3.0, uhamishie humo gemu za PS4 ama za Xbox One na 360: zitacheza moja kwa moja kutoka hapo. Za PS5 na zilizotengenezwa mahsusi kwa Xbox Series zinaweza kuhifadhiwa humo, lakini hazichezi mpaka uzirudishe ndani.

Na pale nilipofikia, patahamia?

Kutoka PS4 kwenda PS5, ndiyo, kwa flashi, kwa waya wa mtandao au kwa hifadhi ya mtandaoni ukiwa na PlayStation Plus. Kutoka Xbox 360, washa ile mashine ya zamani, uhamishie kazi yako kwenye hifadhi ya mtandaoni, kisha ingia kwa akaunti ileile kwenye mashine mpya. Memori kadi ya PS2 haina njia ya kufika PS5. Kwenye Switch, ulipofikia panakaa ndani ya mashine yenyewe, si kwenye kadi ya SD. Kwa hiyo kabla hujamuuzia mtu, hamisha kwanza, ndipo uifute.