Njombe, Makambako na Njia ya Kuufikia Ukoo wa Mtwa Mkwawa

Makambako ni mji wa njia panda. Barabara kuu ya Dar es Salaam hadi Zambia inakutana hapa na barabara iendayo Njombe na Songea, na reli ya TAZARA, iliyojengwa kati ya 1970 na 1975, ina stesheni yake hapohapo. Kwa mgeni anayetaka kuijua nyumba ya Mtwa Mkwawa wa Uhehe, hakuna pa kuanzia panapofaa kuliko hapa. Ukielekea kaskazini utafika Kalenga, kwa familia iliyorudishiwa fuvu la mzee wao mwaka 1954. Ukielekea kusini, kupitia Njombe, utafika Songea, kwa familia ambayo hadi leo inalisubiri fuvu la mzee wao.

Wengi wanamfahamu Mkwawa kwa vita alivyopigana na Wajerumani kuanzia 1891 hadi 1898. Mwongozo huu unafuata upande mwingine wa maisha yake: baba aliyemwachia nchi yenye mgogoro, mdogo wake aliyenyongwa, wake na watoto waliotekwa, na mjukuu ambaye kipimo cha kichwa chake kilisaidia kulitambua fuvu la babu. Vituo vimepangwa kwa mfuatano wa maisha ya ukoo, ili msafiri aione familia kabla ya kuiona vita.

Kujiandaa Njombe na Makambako

Njombe, iliyokuwa wilaya ya Mkoa wa Iringa hadi ilipofanywa mkoa mwaka 2012, iko karibu mita 2,000 juu ya usawa wa bahari. Kuanzia Juni hadi Agosti baridi yake ni kali, hasa usiku na alfajiri, na ukungu huziba barabara hadi jua lipande. Koti, soksi nzito na kofia ni vitu vya lazima. Mvua hunyesha kuanzia Novemba hadi Aprili. Miezi hiyo barabara za vumbi za vijijini huteleza, kwa hiyo anayekwenda nje ya lami atafute gari imara.

Kutoka Njombe hadi Makambako ni takriban kilomita 60 za lami, na kutoka Makambako hadi Iringa, kupitia Mafinga, ni kama kilomita 160. Mabasi na kosta hupita mchana kutwa. Anayekuja kwa treni aulize ratiba stesheni kabla ya kupanga siku zake, kwa maana saa za TAZARA hubadilika. Gesti za bei nafuu ziko karibu na stendi katika miji yote miwili, na chakula si tatizo: ugali, maharage, viazi mviringo, na parachichi ambalo limeipa Njombe jina nchini na nje. Mwenye nusu siku ya ziada mjini Njombe atembelee maporomoko ya mto Ruhuji, yaliyo karibu kabisa na mji.

Wenyeji wa Njombe ni Wabena, jirani wa Wahehe kwa lugha na kwa mila. Salamu ya “kamwene” hufungua mazungumzo pande zote mbili. Ujirani huo ulipitia damu pia. Katika karne ya 19 Munyigumba, baba yake Mkwawa, alipanua utawala wake kwa kupigana na Wabena, na sehemu yao chini ya Mtengela ilisukumwa kuelekea bonde la Ulanga. Mgeni asishangae, basi, akisikia jina la Mkwawa likitajwa Ubena kwa sauti tofauti na ile ya Kalenga. Kila upande unawakumbuka waliopotea kwake.

Rungemba: kwa baba

Kituo cha kwanza kiko Wilaya ya Mufindi. Rungemba, inayojulikana leo kwa chuo chake cha maendeleo ya jamii, hukumbukwa na Wahehe kuwa ni mahali pa Munyigumba, mtwa aliyeziunganisha koo ndogondogo za nyanda hizi kuwa nchi moja. Mkwawa, ambaye jina lake kamili ni Mkwavinyika Munyigumba Mwamuyinga, alizaliwa yapata mwaka 1855 Luhota, karibu na Iringa ya leo.

Munyigumba alifariki mwaka 1879, na msiba huo ukaleta mwingine. Mwambambe, mkwe aliyekuwa amemwoa binti wa marehemu, aliutaka utwa. Nyumba ikagawanyika, na Mkwawa kijana akalazimika kukimbilia Ugogo. Aliporudi na kuungwa mkono na wazee, walipigana hadi Mwambambe akauawa katika mapigano ya Ilundamatwe. Hivyo mtwa aliyekuja kuogopwa na Wajerumani alianza utawala wake kwa kumzika baba na kumuua shemeji. Anayetaka kuelewa kwa nini baadaye aliwaamini watu wachache sana aanze kwa kufikiria miaka hiyo.

Kalenga: nyumbani

Kalenga iko kama kilomita 15 kutoka Iringa mjini, katika barabara iendayo Hifadhi ya Taifa ya Ruaha. Usafiri wa abiria upo, na bodaboda au teksi za Iringa hufika bila shida. Hapa ndipo Mkwawa alipojenga ngome ya mawe iliyozunguka makao yake, na ndani yake waliishi wake zake, watoto, jamaa, watumishi na askari. Kama watwa wengine wa zama zake, alikuwa na wake wengi, na ndoa nyingi ziliunganisha nyumba yake na nyumba za wakuu wengine.

Tarehe 17 Agosti 1891, huko Lugalo, mashariki mwa Iringa, Wahehe walikivizia na kukishinda kikosi cha Emil von Zelewski, na Zelewski mwenyewe akauawa. Mnara wa kumbukumbu uko kando ya barabara kuu iendayo Morogoro. Wahehe nao walipoteza watu wengi siku ile.

Wajerumani walirudi wakiongozwa na Gavana Friedrich von Schele, na tarehe 30 Oktoba 1894 Kalenga ikaanguka. Mkwawa aliponyoka, lakini wanawake na watoto wengi waliokuwa ndani ya kuta walitekwa. Tangu siku hiyo hakuwa tena na nyumba. Kwa karibu miaka minne aliishi porini, akihama kutoka pori hadi pori, huku jamaa zake wakikamatwa au kujisalimisha mmoja baada ya mwingine.

Makumbusho ya Kalenga ni madogo, na chumba chake kinatazamwa kwa muda mfupi, lakini inafaa kutenga saa mbili. Ndani kuna silaha, vifaa vya matumizi na fuvu la Mkwawa katika kabati la kioo. Nje yako makaburi ya Sapi Mkwawa, mwanawe, na Adam Sapi Mkwawa, mjukuu wake. Mgeni atazame makaburi kwanza, kisha aingie ndani. Akifanya hivyo atalitazama fuvu kama mtu wa familia aliyerudi kwa watoto wake.

Iringa mjini: mdogo aliyenyongwa

Mji wa Iringa ulianzishwa mwaka 1896 na Tom von Prince, nahodha wa Kijerumani aliyepewa kazi ya kumkamata Mkwawa. Desemba ya mwaka huo alimtawaza Mpangile, mdogo wake Mkwawa, kuwa mtwa badala ya kaka yake. Alidhani Wahehe wangemfuata mtwa mpya na kumwacha aliyeko porini. Haikuwa hivyo, mashambulizi yaliendelea, na Mpangile akatuhumiwa kumsaidia kaka yake kwa siri. Februari 1897, hata miezi mitatu haijapita tangu atawazwe, alinyongwa.

Katika misiba yote ya nyumba hii, wa Mpangile ndio unaosahaulika upesi. Aliwekwa mbele ya kaka yake kama chambo, kisha akauawa kwa kosa la kuwa ndugu. Iringa Boma, jengo la Wajerumani la mwaka 1914 ambalo tangu 2016 ni makumbusho ya mkoa, ni mahali pazuri pa kujifunza habari za kipindi hicho na za watu wa nyanda hizi kwa jumla. Mwamba wa Gangilonga, juu ya mji, unahusishwa na Mkwawa katika masimulizi ya wenyeji, na kuupanda si kazi ngumu. Jioni ndiyo saa yake njema, ila asiende mtu peke yake.

Mlambalasi: mwisho wa mbio

Mlambalasi iko mbele ya Kalenga, katika barabara ileile ya Ruaha, takriban kilomita 50 kutoka Iringa. Gari la kukodi linafaa zaidi, na ni vizuri kumchukua mwongozaji kuanzia Kalenga. Maji ya kunywa na chakula vibebwe, kwa sababu huko maduka ni machache na jua la bondeni ni kali tofauti na la Njombe.

Kufikia Julai 1898 Mkwawa alikuwa mgonjwa, na waliobaki naye walihesabika kwa vidole vya mkono mmoja. Serikali ya Kijerumani ilikuwa imetangaza zawadi ya rupia 5,000 kwa kichwa chake. Tarehe 19 Julai kikosi kidogo cha askari chini ya Mjerumani aitwaye Merkl kilipomfikia, alikuwa amekwisha kujipiga risasi. Kichwa chake kilikatwa na kuchukuliwa. Kiwiliwili kikazikwa hapa. Kaburi lina mnara, na karibu yake kuna pango la mwamba ambamo wanaakiolojia wamechimbua mabaki ya watu walioishi maelfu ya miaka kabla ya Wahehe.

Baada ya kifo hicho jamaa za Mkwawa walipelekwa pwani, mbali na Uhehe. Sapi, mwanawe, ndiye aliyerejeshewa utwa mwaka 1926, Waingereza walipoanza kutawala Tanganyika kupitia watawala wa jadi.

Fuvu lililorudi

Mwaka 1919 Mkataba wa Versailles, uliomaliza Vita vya Kwanza vya Dunia, uliagiza katika kifungu cha 246 kwamba Ujerumani ikabidhi kwa Uingereza fuvu la Mkwawa ndani ya miezi sita. Halikukabidhiwa. Sapi aliondoka madarakani mwaka 1940 bila kuliona, na Adam, mwanawe, akashika utwa akiwa kijana wa karibu miaka 20.

Mwaka 1953 Gavana Edward Twining alikwenda katika makumbusho ya Bremen. Palikuwa na mafuvu yapatayo 2,000, na 84 kati yake yalihusishwa na Afrika Mashariki. Twining alilinganisha vipimo vya mafuvu hayo na vipimo vya vichwa vya jamaa wa Mkwawa waliokuwa hai, akachagua lililokaribiana navyo na lenye tundu la risasi. Wapo watafiti wanaouliza kama njia hiyo ilitosha. Ukoo ulilipokea kuwa la mzee wao, na tarehe 19 Juni 1954 Adam Sapi alikabidhiwa fuvu hilo Kalenga mbele ya umati wa Wahehe. Baadaye Adam Sapi alikuwa Spika wa Bunge kwa miaka mingi, kuanzia 1962 hadi 1973 na tena kuanzia 1975 hadi 1994. Alifariki mwaka 1999 na kuzikwa Kalenga.

Barabara ya kusini

Aliyemaliza Kalenga arudi Makambako na kushika njia ya Njombe. Nchi hii nayo iliingia katika Vita vya Maji Maji: Septemba 1905 Wabena wa Mbeyela waliishambulia misheni ya Kilutheri ya Yakobi, karibu na Njombe. Kilomita kama 240 kusini mwa Njombe iko Songea, yenye Makumbusho ya Maji Maji na kaburi la pamoja la mashujaa walionyongwa na Wajerumani Februari 1906. Nduna Songea Mbano, ambaye mji umechukua jina lake, naye alinyongwa mwaka huo, na familia yake inaamini kwamba kichwa chake kilipelekwa Ujerumani.

Novemba 2023 Rais wa Ujerumani Frank-Walter Steinmeier alifika Songea, akakutana na wazao wa Nduna Songea, akaomba msamaha na kuahidi kusaidia kulitafuta fuvu. Mwaka huohuo vipimo vya vinasaba vilivyofanywa Berlin vilikuwa vimeyahusisha mafuvu kadhaa ya huko na familia za Wachaga zilizo hai. Kazi ambayo mwaka 1953 ilifanywa kwa kupima vichwa sasa inafanyika kwa uhakika mkubwa zaidi, na hilo limezipa matumaini koo nyingi za Tanzania.

Siku na adabu

Siku nne zinatosha kwa upande wa kaskazini: ya kwanza Njombe hadi Makambako, ya pili Rungemba hadi Iringa mjini, ya tatu Kalenga na Mlambalasi, ya nne Lugalo na kurudi. Songea inahitaji siku mbili zaidi. Viingilio vya makumbusho hulipwa mlangoni, risiti idaiwe.

Mahali hapa pote ni pa kaburi na matanga. Ruhusa iombwe kabla ya kupiga picha za fuvu na makaburi, na mavazi yawe ya heshima. Rungemba na vijiji vingine, mgeni aanze kwa ofisi ya kijiji, ambako ataelekezwa kwa wazee wanaoruhusiwa kusimulia. Mzee anayesimulia asikatizwe, na asiulizwe idadi ya wauawa kana kwamba ni hesabu za mechi. Aulizwe majina yao. Wazao wa watu hawa wapo, wanapanda basi lilelile la Makambako, na aliyeketi jirani nawe anaweza kuwa mmoja wao.