Simu moja, mama na jembe

SWALI: Nataka kumrekodi mama yangu akilima matuta, nje kidogo ya Sumbawanga mjini. Nina simu tu. Nianzie wapi?

JIBU: Anza na sauti, ndugu yangu. Uwanda wa Ufipa, ulipo mji huo wa Sumbawanga, uko juu, takriban mita 1,800, na upepo wake humeza maneno. Nunua maiki ndogo ya kubana kwenye nguo, uifunike kwa manyoya bandia. Mazungumzo marefu yafanyie ndani. Shambani usimwambie arudie kitendo. Kaa na jembe: linavyogeuza nyasi na kuzifukia tutani zioze. Msimu ujao rudi, matuta yanaposambazwa ili ulezi upandwe. Filamu ipo hapo, katika kungoja. Kabla ya kuionyesha hadharani, ulizia kibali Bodi ya Filamu Tanzania, na mama aitazame kwanza, akitaka kitu kiondolewe, ukiondoe.