Mfuko Tumboni mwa Ng'ombe: Kipi Huoza, Kipi Hakiozi



Huenda umeshaona ng'ombe anachinjwa, na tumbo lake la kwanza linapopasuliwa linatoka bonge la mifuko, kamba na matambara yaliyosokotana. Ng'ombe huyo alikonda miezi mingi. Alipewa dawa ya minyoo, akapelekwa kwenye malisho mazuri, lakini hakunenepa. Alikuwa anakufa njaa huku tumbo limejaa.

Somo hili linaeleza kwa nini plastiki haioziki tumboni, ni plastiki zipi zinazoweza kuoza, na kwa nini hata hizo ng'ombe asizile. Linaeleza pia nyuzi za kushonea vidonda zinazoyeyuka zenyewe mwilini, maana mfugaji anayehama na mifugo anapaswa kuzijua. Lisomeni pamoja nyumbani, wazee, akina mama na vijana wanaochunga.

1. Kwa nini hatari iko karibu nasi

Tunduma ni mji wa mpakani. Malori yanayokwenda Zambia na nchi za mbele husimama kwenye foleni, na watu hula, hununua na hutupa taka kando ya barabara. Penye soko pana maganda ya ndizi, majani ya kabichi na mabaki ya chakula ndani ya mifuko. Ng'ombe na mbuzi wakipita hapo hawafungui mfuko. Wanameza chakula pamoja na mfuko wenyewe.

Serikali ilipiga marufuku mifuko ya plastiki ya kubebea bidhaa kuanzia tarehe 1 Juni 2019, na mifuko mingi imepungua. Lakini plastiki haijaisha. Vifungashio vya vyakula vya viwandani na vya pembejeo za kilimo vinaruhusiwa. Mifuko ya zamani bado imefukiwa ardhini, na mvua huifukua. Hata mfuko mbadala unaofanana na kitambaa, ule tunaobebea mchele na sukari, mara nyingi umetengenezwa kwa plastiki iitwayo polipropilini. Unadumu zaidi mkononi, lakini ng'ombe akiumeza, hauoziki.

Hatari huongezeka kiangazi, malisho yanapopungua. Huongezeka pia ng'ombe anapokosa chumvi na madini, hasa fosforasi. Ukimwona anatafuna mifupa, nguo, kamba au udongo, mwili wake unadai madini.

2. Tumbo la kwanza hufanya kazi gani

Ng'ombe ana sehemu nne za tumbo. Ya kwanza ndiyo kubwa kuliko zote, na hubeba makumi ya lita. Humo mna joto la nyuzi 39 hivi, maji mengi, na vijidudu visivyohesabika ambavyo ni rafiki wa ng'ombe. Vijidudu hivyo huvunjavunja nyasi, na ng'ombe hucheua ili kuzisaga zaidi. Chakula kikishakuwa laini hupita kwenda matumbo mengine. Kwa kawaida hukaa humo siku moja hadi tatu hivi.

Mfuko hausagiki kwa kucheua, wala hauwi laini. Kwa hiyo hauwezi kupita kwa urahisi. Hubaki, na mfuko wa pili ukija hujiviringisha juu ya wa kwanza. Mwishowe bonge huchukua nafasi ya malisho na kuziba njia.

3. Mkufu wa shanga

Ili uelewe kwa nini nyasi huoza na mfuko hauozi, fikiria mkufu wa shanga. Vitu vingi, vya asili na vya kiwandani, vimejengwa hivyo: vipande vidogo vimeungana kuwa mnyororo mrefu. Mnyororo wa namna hiyo huitwa polima.

Nyasi zina mnyororo wa shanga za sukari. Vijidudu vya tumboni vina uwezo wa kukata viungo vyake.

Nyama, ngozi na utumbo vina mnyororo wa protini. Shanga zake huitwa asidi amino, na ziko aina 20 zinazojenga protini za mwili. Viungo vyake ni imara, lakini mwili na vijidudu vina vimeng'enya vya kuvikata. Ndiyo maana nyama huliwa ikameng'enywa, na mzoga huoza.

Kuna shanga nyingine ziitwazo asidi haidroksi. Mojawapo unaijua kwa ulimi: asidi laktiki, ambayo huupa mtindi uchachu wake. Viwandani hupatikana kwa kuchachusha sukari ya mahindi au ya miwa, kisha huunganishwa kuwa mnyororo mrefu. Hapo hupatikana plastiki ngumu inayong'aa. Viungo vya mnyororo huu hufunguliwa na maji, polepole.

Mfuko wa kawaida wa plastiki umetengenezwa kwa polithini. Mnyororo wake ni kaboni tupu iliyoungana na kaboni, mwanzo hadi mwisho. Hauna kiungo ambacho maji yanaweza kukifungua au vijidudu vya tumboni vinaweza kukikata. Ni mkufu usio na kifungo. Ng'ombe akiumeza leo, utakuwemo mpaka siku ya kuchinjwa.

Wanasayansi wamejifunza pia kuchanganya shanga za aina mbili katika mkufu mmoja: asidi amino na asidi haidroksi. Kiungo cha asidi haidroksi hufunguka kwa maji. Kiungo cha asidi amino huongeza uimara na husubiri vimeng'enya. Kwa kubadili kiasi cha kila aina, mtengenezaji anaweza kuchagua kitu kidumu muda gani kabla ya kuisha. Mwaka 1993, kwa mfano, watafiti wa Marekani, akiwemo Robert Langer, walieleza polima iliyounganisha asidi laktiki na asidi amino iitwayo laisini. Polima za namna hii hutafitiwa kwa kazi za tiba, kama kubeba dawa mwilini na kusaidia vidonda kupona. Usizitegemee katika mifuko ya sokoni.

4. Je, mfuko ulioandikwa "unaoza" ni salama kwa ng'ombe?

Hapana. Sababu ni tatu.

Kwanza, kuoza kunahitaji muda, na ng'ombe hana muda huo. Mfuko unaoweza kuoza kwa miezi kadhaa kwenye mboji unaweza kuziba tumbo kwa siku chache.

Pili, kuoza kunahitaji mazingira yake. Plastiki ya asidi laktiki huoza vizuri kwenye mitambo ya mboji yenye joto la nyuzi 60 hivi. Tumbo la ng'ombe lina nyuzi 39 tu, na udongo wa Mbozi au Ileje ni wa baridi zaidi. Hapo plastiki hiyo hukaa muda mrefu sana.

Tatu, si kila kinachosemwa kuoza huoza kweli. Kuna mifuko ya polithini ya kawaida iliyotiwa dawa ya kuifanya ikatikekatike juani. Inakuwa vipande vidogo, lakini vipande hivyo bado ni plastiki. Nchi za Umoja wa Ulaya zilizuia plastiki za aina hii mwaka 2021.

Kwa hiyo kanuni ya bomani ni moja: mfuko wowote, uwe unaoza au hauozi, usifike mdomoni mwa ng'ombe.

5. Dalili za ng'ombe mwenye plastiki tumboni

• Anakula kidogo, anachagua, au anaacha kabisa.
• Anakonda ingawa wenzake wananenepa.
• Hacheui kama kawaida.
• Maziwa yanapungua.
• Ubavu wa kushoto unajaa gesi, unapungua, kisha unajaa tena.
• Kinyesi ni kidogo.

Dalili hizi hufanana na za magonjwa mengine, kama minyoo, ndigana au msumari tumboni. Usiamue peke yako. Mwite afisa mifugo wa kata au daktari wa mifugo. Ukiona ubavu wa kushoto umevimba sana na ng'ombe anahema kwa shida, hiyo ni dharura, usingoje asubuhi.

Wapo wanaomnywesha ng'ombe mafuta, magadi au maji ya sabuni wakiamini yatayeyusha mfuko. Hakuna hata kimoja kati ya hivyo kinachoyeyusha polithini. Tena ukimnywesha vibaya, kinywaji huingia mapafuni na kumuua.

6. Upasuaji na nyuzi za kushonea

Tiba ya bonge kubwa ni upasuaji. Daktari humtia ganzi ng'ombe akiwa amesimama, hupasua ubavu wa kushoto, hufungua tumbo la kwanza na kutoa taka kwa mkono. Ng'ombe ambaye bado ana nguvu ana nafasi nzuri zaidi ya kupona. Aliyekwisha kulala chini hana nafasi hiyo. Ukichelewa, unalipa gharama ya daktari na ng'ombe unampoteza.

Baada ya kutoa taka daktari hushona, na hapa ile mikufu ya shanga inarudi. Kuna nyuzi za aina mbili.

Nyuzi zinazoyeyuka. Hizi hutumika ndani, kwenye tumbo na misuli, mahali ambapo hakuna atakayerudi kuzitoa. Uzi wa zamani hutengenezwa kwa utumbo wa kondoo au ng'ombe. Huo ni mkufu wa asidi amino, na mwili huumeng'enya. Uzi wa kisasa hutengenezwa kwa asidi haidroksi. Aina moja inayotumika sana ni ya asidi glaikoliki na asidi laktiki: hupoteza nusu ya nguvu yake karibu na wiki ya tatu, na huisha mwilini kati ya siku 56 na 70. Kufikia hapo nyama imeshaungana.

Nyuzi zisizoyeyuka, kama nailoni. Hizi hutumika mara nyingi kwenye ngozi, kwa sababu ni imara. Zinapaswa kutolewa kidonda kikipona, kwa kawaida baada ya siku 10 hadi 14, au zaidi kama daktari atakavyoagiza. Zikiachwa huweza kuleta usaha.

Kwa hiyo kabla daktari hajaondoka, muulize maswali haya:

• Nyuzi za nje ni za kuyeyuka au za kutolewa?
• Zitolewe siku gani, na nani atazitoa?
• Ng'ombe ale nini wiki ya kwanza?
• Maziwa na nyama yasitumike kwa siku ngapi kwa sababu ya dawa?

Kama mnapanga kushuka na mifugo bonde la Rukwa, ng'ombe aliyeshonwa asiondoke kabla ya siku ya kutolewa nyuzi. Kutembea mbali kunaweza kufungua kidonda, na huko mbele huenda msimpate daktari kwa haraka. Kidonda kikivimba, kikitoa usaha au harufu mbaya, mpigie daktari mapema.

Usishone kidonda mwenyewe kwa uzi wa kuvulia samaki, uzi wa cherehani au uzi wa kiroba. Hauna usafi, hauyeyuki, na ukibaki ndani huwa chanzo cha jipu.

7. Kinga bomani na njiani

• Wape ng'ombe jiwe la chumvi au madini yenye fosforasi, hasa kiangazi.
• Usipitishe wala usilaze mifugo kwenye dampo, pembeni ya soko au mahali malori yanapoegesha. Kama hakuna njia nyingine, wapitishe wakiwa wamekula na kunywa.
• Ukinunua pumba, mashudu au maganda ya sokoni, yamwage kwenye turubai na uyakague kwa mkono kabla ya kulisha.
• Tumia kamba za katani badala ya za plastiki kufungia mabua. Katani ni mmea na huoza shambani. Hata hivyo, iondoe kabla ya kulisha.
• Chimba shimo la taka nje ya boma na ulizungushie miiba. Mifuko na viroba vikusanywe kwenye gunia moja, visitupwe malishoni.
• Usichome plastiki karibu na watoto na mifugo. Moshi wake una sumu.
• Mchungaji awe na mfuko wa nguo. Akiona plastiki njiani, aiokote. Mtoto akielewa kwamba mfuko mmoja unaweza kuua mtamba, ataokota bila kuamrishwa.

8. Jaribio la familia

Mwanzoni mwa mvua, Novemba, chukueni vipande vitano vya ukubwa wa kiganja: jani la hindi, kamba ya katani, kitambaa cha pamba, mfuko wa plastiki na mfuko mbadala. Vifukeni kwenye lundo la samadi, kina cha mkono mmoja, na wekeni kijiti penye kila kipande. Mvua zikiisha, Aprili, fukueni. Angalieni kipi kimeisha, kipi kimelegea, na kipi kiko vilevile kama siku mlipokifukia. Kisha waulizeni watoto: kipi mngependa kimekaa tumboni mwa ng'ombe wetu miezi yote hiyo?

9. Maswali ya kujadili

1. Mifugo yetu hupita wapi penye taka, na tunaweza kubadili njia gani?
2. Nani nyumbani hukagua pumba kabla ya kulisha?
3. Namba ya afisa mifugo wetu imeandikwa wapi, na je, mke na vijana wanaijua?

Kumbuka: neno "inaoza" kwenye mfuko linaeleza yatakayoupata mfuko baada ya miezi. Ng'ombe wako anaishi kwa kile anachomeng'enya leo na kesho.