Ulimwengu Ulioimbwa: Somo kwa Vijana wa Tunduma



Vijana wenzangu, leo nawaletea somo kutoka kwenye hadithi ya kubuni. Siyo Maandiko Matakatifu, lakini aliyeitunga alikuwa Mkatoliki aliyeijua imani yake vizuri. Anaitwa J.R.R. Tolkien, mwandishi wa The Lord of the Rings, ambayo wengi wetu tumeiona kama filamu.

Alikuwa nani?

Tolkien alizaliwa mwaka 1892 mjini Bloemfontein, Afrika Kusini. Baba yake alifariki akiwa mtoto mdogo. Mama yake aliingia Kanisa Katoliki mwaka 1900, akafariki mwaka 1904 na kumwacha na miaka 12 tu. Akalelewa chini ya uangalizi wa padre mmoja, Francis Morgan. Mwaka 1916 alipigana vita huko Somme, Ufaransa, na mwaka huohuo vita vikawachukua marafiki zake wawili wa karibu sana. Kwa hiyo anayetusimulia hapa ni yatima na askari. Maumivu aliyajua.

Hadithi yenyewe

Inaitwa Ainulindalë, na imo katika kitabu The Silmarillion kilichotoka mwaka 1977, miaka minne baada ya kifo chake. Mungu Mmoja, Ilúvatar, anawaumba roho walio kama malaika na kuwapa wimbo waimbe pamoja. Kutokana na wimbo huo ndipo ulimwengu unapatikana, yaani milima, bahari na watu.

Sasa, mmoja wao, Melkor, mwenye vipaji kuliko wote, anaanza kuingiza wimbo wake ili atukuke yeye. Walio karibu naye wanavurugika. Wengine wanakata tamaa, wengine wanaamua kumfuata. Ilúvatar hamnyamazishi. Anaanzisha wimbo mwingine, kisha wa tatu, ulio mpole na wenye huzuni ndani yake. Melkor anapiga kelele ili aufunike, lakini hata noti zake zenye nguvu zaidi zinachukuliwa na kuwa sehemu ya wimbo ule mpole.

Halafu kuna jambo linalonigusa sana. Melkor alileta baridi kali na joto kali ili aharibu maji. Ilúvatar anamwonyesha Ulmo, mlinzi wa maji, kwamba baridi ile imezaa theluji, na joto lile limezaa mawingu na mvua. Sisi wa Songwe tunaelewa. Bila mawingu na mvua, kahawa ya Mbozi ingetoka wapi?

Inatuhusu nini sisi?

Kwanza, Tunduma yetu ina kelele. Honi za malori yanayosubiri kuvuka kwenda Nakonde, wapiga debe, spika za madukani, bodaboda, treni ya TAZARA. Kila mtu anapandisha sauti ili amzidi jirani. Kijana akikulia hapo anaweza kudhani kusikika ndiyo kuishi. Ukipata hela ya haraka kwa njia za panya, unasikika. Ukiwa na simu kali, unasikika. Hiyo ndiyo njia ya Melkor. Mimi naimba sauti ya nne kwenye kwaya. Mara nyingi hakuna anayetutambua, ila tukinyamaza wimbo mzima unapwaya. Mungu hahitaji upige kelele. Anahitaji ushike sauti yako.

Pili, kuna kelele ambazo hatukuzichagua. Baba yangu alifariki nikiwa kidato cha pili. Kwa muda mrefu nilikuwa natoka nje ya kanisa wimbo wa marehemu ukianza. Leo jumuiya ikipata msiba, mimi huwa wa kwanza kufika kuimba, na huwa nakaa karibu na watoto wa marehemu. Sisemi kifo cha baba kilikuwa kizuri. Hapana! Nasema Mungu hakukiacha kiwe na neno la mwisho.

Tuwe makini hapa

Katekisimu namba 312 inafundisha kwamba Mungu anaweza kutoa mema hata katika mabaya, lakini mabaya hayageuki kuwa mema. Kwa hiyo kama kuna mtu anakuumiza nyumbani au kazini, asije mtu akakwambia "vumilia tu, ni mpango wa Mungu." Sema. Mtafute paroko, katekista, mwalimu au mtu mzima unayemwamini. Melkor alikuwa na kosa, na hadithi haimpongezi. Anayesifiwa ni yule asiyeshindwa na kosa hilo.

Nasi tunayo zaidi ya hadithi. Msalaba ulikuwa kelele kubwa kuliko zote, na katika Mkesha wa Pasaka Kanisa linasimama gizani na kuimba.

Maswali ya kutafakari

1. Soma Ayubu 38:4-7 na Warumi 8:28. Unasikia nini kuhusu wimbo wa Mungu?
2. Ni wapi unapandisha sauti ili tu usikike?
3. Ni maumivu gani bado hujamkabidhi Mungu?

Sala

Ee Bwana, katikati ya kelele za mji wetu, tufundishe kukusikia. Chukua hata yale yaliyotuvunja, uyaingize katika wimbo wako. Utupe ujasiri wa kushika sauti uliyotupa. Kwa Kristo Bwana wetu. Amina.